Kosa la Wachache, Jina la Wote

SURA YA SITA

Ijumaa Kuu mjini Kasongo na kule Nyangwe, kusini mwa Maniema, ina jambo ambalo miji mingi ya Congo haina. Mchana Waislamu wanatoka msikitini. Alasiri Wakatoliki wanaingia kanisani kusikiliza simulizi la mateso ya Yesu kama alivyoliandika Yohana. Jioni wote wako barazani pamoja, kwa kuwa ni ndugu, mashemeji na majirani. Hapo ndipo swali linapoulizwa: "Basi ni Wayahudi ndio waliua Yesu, ao sivyo?"

Mwislamu atajibu kwamba Yesu hakuuawa wala hakusulubiwa, maana sura ya nne ya Kurani inakanusha hilo. Mkristo atajibu kwamba alisulubiwa, na kwamba msalaba ndio wokovu. Watabishana mpaka chai ipoe. Ila sikiliza jinsi wote wawili wanavyosema "Wayahudi": kana kwamba ni mtu mmoja, mwenye mkono mmoja na nia moja, aliyeishi zamani na bado anaishi. Wala katika baraza hiyo huenda hayupo hata mmoja aliyewahi kusalimiana na Myahudi.

Swali hilo huzaa jingine, na hili la pili ndilo linalowasumbua wasomaji wengi. Yesu alikuwa Myahudi. Mama yake alikuwa Myahudi. Petro, Yohana na Paulo walikuwa Wayahudi. Ilikuwaje basi maandishi ya Wakristo wa kwanza yakawasema Wayahudi vibaya hivyo, na ilikuwaje maneno hayo yakasafiri mpaka yakafika ukingoni mwa mto Lualaba?

Ugomvi wa nyumba moja

Katika miaka ya mwanzo hapakuwa na dini mbili. Wafuasi wa Yesu walisali Hekaluni, walishika Sabato, na waligombana na Wayahudi wenzao juu ya jambo moja kubwa: je, Masiya amekuja au bado? Walitukanana, naam. Lakini matusi ya namna hiyo yalikuwa na historia ndefu katika nyumba hiyo. Amosi, Isaya na Yeremia waliwakemea watu wao kwa maneno makali, na hakuna aliyewaita maadui wa Wayahudi. Jumuiya ya Kiyahudi iliyoishi Qumran, kando ya Bahari ya Chumvi, ambayo magombo yake yalianza kugunduliwa mwaka 1947, iliwaita Wayahudi wengine wana wa giza. Kwa hiyo sura ya 23 ya Mathayo, yenye ole juu ya ole kwa Mafarisayo, ni sauti ya mtu anayewagombeza jamaa zake.

Wahenga walisema wagombanao ndio wapatanao. Hawa hawakupatana. Mwaka 70 majeshi ya Roma yaliiteka Yerusalemu na kulichoma Hekalu. Mwaka 132 Wayahudi waliasi tena wakiongozwa na Bar Kokhba. Walishindwa mwaka 135, na Kaisari Hadriano akawakataza kukanyaga Yerusalemu. Katika muda huohuo kanisa lilikuwa likijaa watu wasio Wayahudi: Wagiriki, Wasiria, Warumi, Waafrika wa kaskazini. Vitabu walivyorithi vilikuwa vimeandikwa nyumbani, na sasa vilisomwa na watu wa nje. Neno ambalo Mathayo alimwambia ndugu yake, Mgiriki wa mwaka 150 alilisoma kama hati ya mashtaka dhidi ya kabila la watu wengine.

Hapo ndipo mambo yalipogeuka, kwa maoni yangu. Msikilizaji alibadilika, na msomaji akabadilika, kabla neno lenyewe halijabadilika.

Pilato ananawa mikono

Kihistoria, jibu la swali la barazani ni fupi. Kusulubisha kulikuwa adhabu ya Kirumi. Pontio Pilato, gavana wa Kirumi wa Uyahudi tangu mwaka 26 hadi 36, ndiye aliyetoa amri. Askari wake ndio waliopigilia misumari. Na baadhi ya wakuu wa Hekalu, ambao walihitaji amani na Warumi ili wabaki madarakani, walimkabidhi mtu wao. Wayahudi wengi wa wakati ule hata hawakuwa Yerusalemu. Wengi waliishi Aleksandria, Babeli, Antiokia na Roma kwenyewe, na huenda walikufa bila kulisikia jina la Yesu.

Sasa pangilia Injili kwa miaka ambayo wataalamu wengi wanakadiria ziliandikwa, uone jinsi Pilato anavyozidi kuoshwa:

• Marko, karibu na mwaka 70: Pilato anaufuata umati ili kuuridhisha.
• Mathayo, kati ya miaka ya 80 na 90: mke wake ameota ndoto, naye ananawa mikono mbele ya watu, na umati unaichukua damu juu yake na juu ya watoto wake.
• Luka, wakati uleule: Pilato anatamka mara tatu kwamba haoni hatia.
• Yohana, mwishoni mwa karne ya kwanza: wanaomdai Yesu wanaitwa mara nyingi "Wayahudi" tu. Jina hilo linatokea mara 70 hivi katika Injili yake, wakati katika kila moja ya zile tatu halifiki kumi.
• Injili ya Petro, ya karne ya pili, ambayo haikuingia katika Biblia: Pilato siye anayetoa amri ya kusulubisha, na Wayahudi wenyewe ndio wanaosulubisha.

Upande mwingine wa Afrika jambo hili lilifika mwisho wake: Kanisa la Kiorthodoksi la Ethiopia linamheshimu Pilato kama mtakatifu.

Kwa nini kumwosha? Wakristo waliishi chini ya Roma, na mwanzilishi wao alikuwa ameuawa kwa adhabu ya waasi. Baada ya vita vya mwaka 70, kuitwa mfuasi wa mwasi wa Uyahudi kulikuwa hatari. Ilikuwa salama zaidi kusema kwamba gavana hakumwona na hatia, ila alisukumwa. Mwenye bunduki, au tuseme mwenye mkuki, hasemwi ovyo na anayeishi mlangoni pake.

Shajara ya Nyangwe

Msomaji wa Maniema ana mfano wa karibu wa jinsi habari ya umwagaji damu inavyobadilika ikiandikwa mara ya pili. David Livingstone alifika Nyangwe mwishoni mwa Machi 1871. Soko lake lilimfurahisha: wanawake kwa mamia wakivuka Lualaba kwa mitumbwi, na samaki, chumvi, mafuta ya mawese na vyungu. Tarehe 15 Julai 1871 watu wa mfanyabiashara Dugumbe bin Habib waliingia sokoni na bunduki na kuanza kuwafyatulia watu. Wanawake walikimbilia mitumbwi, mitumbwi ikazama, na wengi walikufa maji. Wafanyabiashara wenyewe walikadiria waliokufa kuwa kati ya 330 na 400.

Livingstone alikuwa ameishiwa karatasi. Aliandika juu ya kurasa za gazeti la zamani la Uingereza, kwa wino aliojitengenezea kwa mimea, na baadaye akainakili habari hiyo katika daftari safi. Daftari hilo, likiisha kupitiwa na mhariri Horace Waller, ndilo lililochapishwa mwaka 1874, baada ya kifo chake. Ukurasa wa gazeti ulififia usisomeke. Mwaka 2011 watafiti waliupiga picha kwa miali maalumu ya mwanga, maandishi yakajitokeza, nao wakalinganisha. Katika maandishi ya kwanza Livingstone anawasema vikali mno watu aliokodishiwa kutoka Zanzibar, waliokuwa chini yake mwenyewe, kiasi cha watafiti kujiuliza kama baadhi yao walikuwa na mkono katika mauaji yale. Katika kitabu kilichochapishwa, ukali huo umepunguzwa. Lawama imesimama upande mmoja.

Simsemi Livingstone kuwa mwongo. Alishuhudia, alilia, na habari yake ilikuwa miongoni mwa sababu zilizoifanya Uingereza kumbana Sultani Barghash mpaka soko la watumwa la Zanzibar likafungwa mwaka 1873. Ninachosema ni kwamba mtu mmoja, kwa mkono wake mwenyewe, katika muda wa miezi tu, aliigeuza habari yake kidogo. Injili ziliandikwa na watu wanne, baada ya miaka arobaini hadi sabini. Asishangae mtu kuona Pilato amebadilika.

KWA UFUPI: Maneno makali ya Agano Jipya yalianza kama ugomvi wa Wayahudi kwa Wayahudi. Baada ya mwaka 70 yalisomwa na watu wa nje. Kwa kuiogopa Roma, waandishi walipunguza hatia ya Pilato, na kilichopungua upande wake kiliongezwa upande wa Wayahudi.

Mababa wa Kanisa wanaanza kuandika

"Mababa wa Kanisa" ni jina wanalopewa maaskofu, walimu na waandishi wa karne za mwanzo ambao mafundisho yao yalikuwa msingi wa kanisa. Barua inayoitwa ya Barnaba, iliyoandikwa baada ya kuanguka kwa Hekalu, inadai kwamba Wayahudi walipoteza agano siku Musa alipozivunja mbao za mawe. Kwa mwandishi huyo, Maandiko ya Wayahudi hayakuwa ya Wayahudi hata kidogo.

Yustino Shahidi ni mtu wa namna nyingine. Alizaliwa mji ambao leo ni Nablus, akafundisha Roma, na karibu na mwaka 160 aliandika mazungumzo marefu kati yake na Myahudi aitwaye Trifo. Ndani yake yamo madai ya kuumiza. Anasema tohara waliwekewa Wayahudi kama alama ya kuwatenga ili wapate mateso wanayostahili. Lakini Trifo katika kitabu hicho anajibu, anauliza, anacheka, na mwishoni wanaagana kwa kutakiana heri. Nikichagua kati ya waandishi wote wa karne ile, ningekaa barazani na Yustino, hata kama ningetoka nimekasirika.

Kisha kuna Melito, askofu wa Sardi, katika nchi ambayo leo ni Uturuki. Hotuba yake ya Pasaka, ya kati ya mwaka 160 na 170, ilipotea kwa karne nyingi na ikachapishwa upya mwaka 1940. Ni kazi ya msanii. Sentensi fupi fupi zinapokezana kama kiitikio cha ngoma, na ukiisoma kwa sauti inakuteka. Katikati ya uzuri huo Melito anawageukia Israeli na kuwashtaki kwamba wamemwua Mungu. Katika maandishi tuliyonayo, ndiye wa kwanza kusema hivyo waziwazi.

Melito hakuwa na mamlaka yoyote ya kiserikali. Wakristo wa Sardi walikuwa wachache na wanyonge. Wayahudi wa mji huo walikuwa wengi na wenye heshima. Wachimbaji wa mambo ya kale walikuja kufukua sinagogi lao la baadaye, mojawapo ya makubwa kuliko yote yaliyojulikana ya zama za kale. Mnyonge alimrushia jirani yake mkubwa maneno, na jirani labda hakuyasikia. Waliokuja kuyasikia ni wengine.

Sababu nyingine ya maneno hayo makali haisemwi sana. Mwaka 144 hivi, kanisa la Roma lilimfukuza Markioni, aliyefundisha kwamba Mungu wa Agano la Kale ni mungu mwingine, mkali, na kwamba vitabu vya Kiyahudi vitupwe. Kanisa lilikataa, likavishika. Lakini mtu akiuliza kwa nini vitabu hivyo vina sheria ngumu hivi, ilibidi jibu lipatikane. Tertuliano wa Karthago, Mwafrika wa kaskazini, pamoja na wengine, walijibu: Mungu ni mwema; watu waliopewa sheria ndio waliokuwa wagumu. Ili kuliokoa Agano la Kale, waliwatwisha Wayahudi mzigo. Kanisa lilikihifadhi kitabu na kuwakosea wenye kitabu.

Antiokia, mwaka 386

Katika karne ya nne mambo yalibadilika haraka. Konstantino aliwapa Wakristo uhuru mwaka 313. Mwaka 380 Kaisari Theodosio aliufanya Ukristo kuwa dini ya dola. Maneno ya mnyonge sasa yalikuwa katika kinywa cha mwenye nguvu.

Mwaka 386 padri mpya wa Antiokia, Yohane, ambaye baadaye aliitwa Krisostomo, yaani mwenye kinywa cha dhahabu, alianza hotuba zilizofikia nane katika mwaka huo na uliofuata. Ni miongoni mwa maneno mabaya kuliko yote ambayo Mkristo wa zamani aliwahi kusema juu ya Wayahudi. Anailinganisha sinagogi na danguro na pango la wezi. Siwezi kuendelea kuorodhesha, na hakuna haja.

Cha kujiuliza ni kwa nini alikasirika kiasi hicho. Soma kwa makini, utaona kwamba Wayahudi hawamo katika umati anaouhutubia. Anawahutubia Wakristo wake. Nao walikuwa wanafanya nini? Walikwenda sinagogi siku ya sikukuu ya tarumbeta. Walifunga pamoja na Wayahudi. Walipokuwa na jambo zito walikwenda kuapa sinagogini, kwa sababu kiapo cha pale kiliogopwa zaidi. Wakiugua walitafuta tiba na hirizi kwa waganga wa Kiyahudi. Waumini wa kawaida wa Antiokia walikuwa wanaishi vizuri na jirani zao, na padri hakuweza kuvumilia.

Mtu wa Kasongo ataelewa bila kuelezwa. Mji wowote wenye kanisa na msikiti una watu wanaokwenda kwenye karamu ya Idi na ya Noeli, na una kiongozi mmoja au wawili wasiopenda. Kadiri watu wanavyokaribiana, ndivyo yule anayetaka mpaka anavyopaza sauti.

Wataalamu wengine humtetea Yohane kwa kusema alikuwa anafuata mtindo wa shule za ufasaha wa wakati ule, ambako mwanafunzi alifundishwa kumsifu mtu kupita kiasi na kumtukana kupita kiasi. Ni kweli. Lakini utetezi huo unanitosha nusu tu. Miaka miwili baadaye, mwaka 388, Wakristo wa Kalinikumu kando ya Frati, ambako leo ni Raka nchini Siria, walichoma sinagogi kwa kuchochewa na askofu wao. Theodosio aliamuru wajenge upya. Ambrosi, askofu wa Milano, alimkabili Kaisari kanisani na kukataa kuendelea na Misa mpaka amri ifutwe. Ikafutwa. Jengo la watu lilichomwa, na hakuna aliyelipa.

Agostino wa Hipo, ambako leo ni Annaba nchini Algeria, alitafuta njia ya kati. Alifundisha kwamba Wayahudi wasiuawe, kwa kuwa wanabeba vitabu vinavyothibitisha unabii wa Kristo; waachwe waishi, lakini chini. Fundisho hilo liliokoa maisha ya wengi katika Ulaya ya baadaye. Fundisho hilohilo liliwaweka chini kwa miaka elfu moja na zaidi: mauaji ya miji ya Rhine mwaka 1096, amri ya mwaka 1215 ya kuwavalisha mavazi ya kuwatambulisha, kufukuzwa Hispania mwaka 1492. Martin Luther naye, mwaka 1543, aliandika kitabu cha kutaka masinagogi yachomwe, na mwaka 1946 mmoja wa Wanazi waliokuwa wakihukumiwa Nuremberg alilitaja jina la Luther kujitetea.

KWA UFUPI: Wakati Wakristo walipokuwa wanyonge, maneno yao yalibaki maneno. Walipopata dola, maneno yaleyale yakawa moto na amri. Na mara nyingi ukali wa mhubiri unaonyesha kwamba waumini wake walikuwa wanaelewana na wale anaowatukana.

Jinsi kundi zima linavyopewa jina

Turudi Lualaba. Waliofyatua bunduki Nyangwe mwaka 1871 walikuwa watu wa Dugumbe. Katika vitabu na magazeti ya Ulaya wakawa "Waarabu". Kardinali Lavigerie, aliyewaanzisha Mapadri Weupe mwaka 1868, alizunguka Ulaya mwaka 1888 akihubiri dhidi ya biashara ya watumwa, na jina hilo lilienea. Serikali ya Leopold II, mfalme wa Ubelgiji, ilipopigania Maniema, vita viliitwa vya Waarabu. Nyangwe ikatekwa tarehe 4 Machi 1893, na Kasongo tarehe 22 Aprili. Waliopigana upande wa "Waarabu" wengi wao hawakuwahi kuiona Arabuni. Walikuwa waungwana: Wamanyema, watu wa pwani, vijana waliozaliwa hukuhuku na kuzungumza Kiswahili. Waliopigana upande wa Wabelgiji nao walikuwa Waafrika, wakiwemo watu wa chifu Gongo Lutete, ambaye mwaka mmoja kabla alikuwa upande wa pili, na ambaye Wabelgiji walimpiga risasi kabla mwaka 1893 haujaisha.

Biashara ya watumwa ilikuwa ya kweli. Vijiji vilivyochomwa vilichomwa kweli, na sitaki mtu asome ukurasa huu kama utetezi wa Dugumbe au wa mfanyabiashara mwenzake Tippu Tip. Mfano wangu una mpaka wake: wafanyabiashara wale walikuwa na hatia ya miaka mingi, na Wayahudi wa Antiokia hawakuwa wamemkosea mtu. Lakini angalia kilichofuata. Biashara ya watumwa ikiisha kukoma, mjukuu Mwislamu wa Nyangwe, ambaye huenda bibi yake alikuwa mtumwa, aliendelea kubeba jina la mshtakiwa. Serikali ya kikoloni iliwatilia shaka Waislamu wa Maniema na kuzibana shule za Kurani, kwa hofu iliyorithiwa kutoka vita ambavyo yeye hakuvipigana. Mjini Brussels, katika bustani ya Cinquantenaire, mnara uliozinduliwa mwaka 1921 ulisifu ushujaa wa askari wa Ubelgiji kwa kumwangamiza Mwarabu muuza watumwa. Miongo mingi baadaye balozi za nchi za Kiarabu zililalamika, na jina hilo likakwanguliwa kutoka kwenye jiwe.

Mashariki mwa Congo ya leo hatuhitaji kufundishwa jinsi kikundi chenye silaha kinavyofanya uovu na kabila zima likaulizwa. Jambo hilo tunalijua kwa majina, na majina hayo msomaji ataongeza mwenyewe.

Magoti ya Ijumaa Kuu

Mapadri Weupe walijenga misheni Kasongo mwanzoni mwa karne ya 20. Walileta shule, dawa na sala za Kilatini kama zilivyokuwa Roma. Katika sala za Ijumaa Kuu kanisa liliwaombea watu wa kila aina, kundi baada ya kundi, na kila mara waumini walialikwa kupiga magoti. Kwa Wayahudi, walioitwa katika sala hiyo kwa neno lililosikika kama wasaliti, hapakuwa na kupiga magoti. Desturi ilikuwa ya zamani sana. Fikiria basi muumini wa Kasongo mwaka 1930: alipiga magoti kuwaombea wapagani, yaani babu yake mwenyewe aliyekaa kijijini, lakini alibaki amesimama Wayahudi walipotajwa. Alikuwa amefundishwa kuwakasirikia watu ambao hakuwa na habari nao.

Hata hivyo Congo ilikuwa na Wayahudi. Elisabethville, ambayo ndiyo Lubumbashi, ilikuwa na jumuiya ya wafanyabiashara, wengi kutoka kisiwa cha Rhodes, wenye sinagogi lililojengwa karibu na mwaka 1930 na rabi wao, Moïse Levy, aliyefika mwaka 1937. Baba yake mwanasiasa Moïse Katumbi alitoka Rhodes vilevile. Julai 1944 Wajerumani waliwakamata Wayahudi waliobaki kisiwani humo, takriban 1,700 pamoja na wa kisiwa cha Kos, wakawapeleka kambi ya mauaji ya Auschwitz. Walionusurika ni 150 hivi. Familia za Katanga zilikuwa na kaka, dada na wazazi miongoni mwa waliopelekwa.

Ilikuwa baada ya mauaji hayo ya Wayahudi milioni sita ndipo kanisa lilipojitazama. Mwanahistoria Mfaransa Jules Isaac, Myahudi aliyepoteza mke na binti Auschwitz, alitumia miaka ya maficho kusoma Injili na Mababa wa Kanisa, akachapisha kitabu mwaka 1948 kuonyesha kwamba mafundisho ya dharau yalijengwa juu ya usomaji mbaya. Magoti yalirudishwa mwaka 1955. Mwaka 1959, mwaka uleule Kasongo ilipofanywa jimbo kamili, Papa Yohane wa 23 aliliondoa neno lile katika sala. Mwaka uliofuata alimpokea Isaac, mzee wa miaka zaidi ya 80, Vatikani. Na tarehe 28 Oktoba 1965, kwa kura 2,221 dhidi ya 88, maaskofu wa Mtaguso, yaani mkutano mkuu wa maaskofu wa dunia, walipitisha tamko lisemalo kwamba yaliyotokea katika mateso ya Yesu hayawezi kuwekwa juu ya Wayahudi wote wa wakati ule, wala juu ya Wayahudi wa leo.

Tamko lile ni fupi, na sehemu yake inayowahusu Wayahudi haimtaji Melito wala Krisostomo. Mateso kadiri ya Yohana yanasomwa bado kila Ijumaa Kuu, na sioni sababu ya kuyakata. Katekista anayetumia dakika tano kabla ya somo kueleza Pilato alikuwa nani, na wakuu wa Hekalu walikuwa wangapi, anafanya kazi kuliko kalamu ya kufuta. Krisostomo naye anaendelea kuheshimiwa kila tarehe 13 Septemba, na kwa haki, maana hotuba zake juu ya maskini bado zinawachoma matajiri. Wanafunzi wa seminari wanaozisoma hizo wapewe pia zile nane za Antiokia, wazisome zote, pamoja na majina ya sikukuu ambazo waumini wake walikuwa wakizikimbilia.